Mwezi Ulionyimwa Ruhusa

Paukwa!

Pakawa!

Aa, hiyo siyo. Hiyo ni pakawa ya watu waliolala njaa. Sogezeni kuni, kunjeni miguu, na wewe uliyekalia nusu ya mkeka wa mwenzako, rudi kwako. Tuanze upya. Paukwa!

Pakawa!

Pakawa mji. Mji una lango, lango lina mgeni, na mgeni ana mkia. Haya, twende.

Hapo kale, kale hasa, jua lilipokuwa bado linajifunza kazi na angani hakuna mwezi hata mmoja wa kuning'inia, palikuwa na mji uitwao Majilio. Mtaniuliza, mji usio na mwezi angani ulihesabuje miezi? Haukuhesabu. Miezi ilikuja kwa miguu.

Ndiyo, kwa miguu! Cheka, lakini sikiliza. Mwaka wa nchi ile ulikuwa na miezi mitano, na kila mwezi alikuwa mnyama, na kila mnyama alikuja na hewa yake kama msafiri anavyokuja na furushi lake. Alitangulia Chura na mvua mgongoni. Huo mwezi wa kupanda. Akafuata Kanga, mwezi wa palizi, na kwa kelele zake hakuna aliyeweza kulala mchana. Akaja Siafu, mwezi wa mavuno, kila kichwa kina mzigo. Akaja Tembo, mwezi wa ngoma na harusi, ardhi inatetema. Wa mwisho alikuwa Fisi, mwezi wa kiangazi, mbavu za ng'ombe zikionekana kutoka mlima wa pili.

Watu wa Majilio walihesabu hata umri kwa wageni hao. Mtoto hakuambiwa ana miaka saba, aliambiwa ana vyura saba. Bibi mwenye kuficha umri alijibu, "Vyura wangu? Wengine walipita nimelala." Aliyezaliwa mwezi wa Siafu hakukaa kitako maisha yake yote. Aliyezaliwa mwezi wa Tembo, usimkaribishe kwenye nyumba yenye vyungu.

Sasa, penye lango la mashariki palikuwa na kibanda, na ndani ya kibanda kigoda. Mwezi aliyekalia kigoda ndiye aliyetawala hewa. Akikaa Chura, mvua. Akikaa Fisi, jua la kukaanga bisi kichwani. Akiinuka, mji mzima ulimsindikiza kwa ngoma hadi lango la magharibi, na mgongo wake ukishapotea, mwenzake aliyekuwa akingoja mashariki ndipo anapiga hodi.

Na miezi ile, jamani, ilikuwa na adabu kuliko watu. Adabu tatu. Mwezi haingii mpaka apige hodi akaribishwe. Mwezi haondoki mpaka aombe ruhusa apewe. Na mwezi haondoki chakula kikiwa motoni.

Hiyo ya tatu mnaijua. Umekwenda kwa shangazi yako, umeshaaga, umeshavaa viatu, umeshafika mlangoni. Shangazi anasema, "Unakwenda wapi na chakula kiko motoni?" Utafanyaje? Unavua viatu. Unarudi. Unakaa. Kuukimbia mji wa watu na chungu kiko mafigani ni kumtukana mwenye chungu, na mama yake, na aliyefinyanga chungu.

Basi adabu hiyo ndiyo iliyotaka kuua Majilio.

Palikuwa na mama mmoja, mkulima, jina lake Mashavu. Miaka ya shibe alikuwa na mashavu ya kuwatosha watu wawili na sauti ya kuwatosha watu watatu. Lakini mwaka ninaousema, Fisi alikuwa amekaa, amekaa, amekaa mpaka watoto waliokuwa wanatambaa wakati anaingia sasa walikuwa wanakimbia. Mashavu akabaki na sauti. Mashavu yenyewe yalikuwa yamebaki jina.

Juu ya meko yake kilining'inia kibuyu cha mbegu za mtama. Mbegu za mwisho. Wajukuu zake walikuwa wanakitazama kibuyu hicho kama paka anavyotazama samaki aliyeanikwa.

"Bibi, zile si zinaliwa?"

"Zile haziliwi. Zile zinamngoja Chura."

"Na Chura akichelewa?"

"Chura hajachelewa. Chura amefika zamani. Msikilizeni."

Wakatega masikio, na kutoka nje ya lango la mashariki wakasikia:

*Hodi, hodi, wenye mji,*
*nina maji, sina njia!*

Kweli Chura alikuwa pale, nje ya lango, mvua ameifunga kwenye furushi mgongoni, anangoja. Hakuna aliyeweza kumjibu karibu, maana kigoda kimoja hakikaliwi na makalio mawili. Na yeye asingeweza kufungua furushi nje, maana mvua isiyokaribishwa hainyeshi. Basi akakaa juani. Mwanzoni aliimba kwa sauti ya ngoma kuu. Siku hizi aliimba kwa sauti ya mlango unaohitaji mafuta. Ngozi yake ilikuwa inakauka, na kila mtu Majilio alijua neno ambalo hakuna aliyelitamka: Chura akikauka, mvua imekufa naye.

Mashavu akainuka, akafunga kanga kiunoni. "Leo nakwenda kwa Jumbe."

Jumbe wa mji aliitwa Fumbwe, na lazima niwaambie ugonjwa wake. Haukuwa wa tumbo wala wa kichwa. Alikuwa na kiu ya kusifiwa. Miezi yote mingine hakuna aliyekuwa na nafasi naye. Mwezi wa Chura watu wako shambani, mwezi wa Kanga wanapalilia, mwezi wa Siafu wanabeba, mwezi wa Tembo wanacheza. Jumbe Fumbwe alikuwa anakaa barazani peke yake, anasalimiwa na kuku. Lakini ukiingia mwezi wa Fisi, ghala la mji linafunguliwa, na ufunguo ni wa Jumbe. Kila nyumba inakuja kuchukua kibaba cha mtama, mtama walioulima wenyewe wakauweka wenyewe, na Jumbe akaweka sharti: kibaba kwa sifa tatu. Hapo akachanua kama boga. Na mtu aliyekwishaonja kusifiwa asubuhi, mchana na jioni, atakubali vipi Fisi aende?

Mashavu akafika barazani. "Shikamoo, Jumbe."

"Marahaba. Hiyo ni salamu, Mashavu. Nataka sifa."

"Jumbe mlezi."

"Moja."

"Jumbe mzazi."

"Mbili. Endelea, unapendeza."

"Jumbe mwache Fisi aende, umetuua!"

Jumbe Fumbwe akakunja uso. "Hiyo si sifa."

"Lakini ndiyo pekee iliyotoka moyoni."

"Sasa tazama maneno! Mimi namzuia Fisi? Mimi? Kwa kamba?" Akawageukia watu waliopanga mstari. "Mgeni wenu anaomba ruhusa kila siku, na kila siku mimi nampikia. Kumpikia mgeni limekuwa kosa lini Majilio?"

Watu wakatazamana. Wakaitikia kwa vichwa. Kweli, kumpikia mgeni si kosa. Kweli, Jumbe ni mkarimu. Na hapo hapo, kutoka kibandani, ikasikika sauti ya unyonge:

"Mwenyeji, naomba ruhusa."

Jumbe akajibu kwa furaha, kama mtu anayeitikia wimbo, "Unakwenda wapi, bwana? Chakula kiko motoni!"

Ikasikika sauti ya mtu anayekaa chini kwa nguvu.

Mashavu hakupata kibaba siku ile. Akaondoka na kikapu kitupu, miguu ikampeleka yenyewe kibandani, amtazame usoni huyo anayewakausha.

Alitegemea kumkuta mroho amelowa mate. Alimkuta mnyama wa huruma. Fisi alikuwa ameketi kwenye kigoda, tumbo limetangulia mbele kama mtu anayebeba mtungi, mbele yake sinia la ugali uliopanda kama kichuguu, na mkononi tonge ambalo hana hamu nalo. Nyuma yake, Songoro, mpishi wa Jumbe, mwenye macho mekundu kwa moshi, alikuwa anateleka chungu kingine.

"Ondoka!" Mashavu akamwambia. Hata shikamoo hakumpa.

"Mama, niondoke vipi?" Fisi akasema. "Chungu kile pale, moto ule pale. Mimi ni Fisi, nasemwa kila mahali, lakini nililelewa. Mama yangu alikuwa mwezi, bibi yangu alikuwa mwezi. Hakuna hata mmoja wetu aliyewahi kukimbia chungu cha mtu."

"Kwa hiyo utakula mpaka lini?"

"Mpaka kisiwepo cha kupikwa. Mimi nimekuja na njaa ya mwezi mmoja, mama, wao wananipa chakula cha miaka. Hata kucheka siwezi tena, nikicheka tumbo linauma." Akapumua. Kisha, kwa kuwa alikuwa na adabu na mtu amemkuta anakula, akasema neno ambalo kila mtu husema: "Karibu chakula."

Na Mashavu, kwa kuwa naye alilelewa, akajibu neno ambalo kila mtu wa Majilio hujibu: "Ahsante, nimeshiba."

Hapo tumbo lake likanguruma. Si ngurumo ya kawaida, ndugu zangu. Masikio ya Fisi yalisimama wima. Songoro aliangusha mwiko. Nje, Chura alidhani ni radi yake imetoroka furushini.

"Mama," Fisi akasema kwa upole, "tumbo lako limekukanusha."

Mashavu akasimama pale, mkono tumboni, akijisikiliza. Nimeshiba? Nani ameshiba? Tangu azaliwe amepita penye masinia mangapi, akaambiwa karibu, akasema nimeshiba? Mama yake alimfundisha hivyo. Mji mzima ulifundishwa hivyo. Mtu wa Majilio angeweza kufa njaa juu ya sinia la mwenzake, na neno lake la mwisho likawa ahsante, endeleeni.

"Rudia," Mashavu akasema.

"Nirudie nini?"

"Nikaribishe tena."

"Karibu chakula."

Mashavu akafumba macho kama mtu anayeruka mto. "Nimekaribia!"

Akakaa. Akanawa. Akakata tonge. Songoro akashika kichwa. Maisha yake yote hajawahi kuona mtu amekaribishwa akakaribia kweli. Na kichuguu kile cha ugali kikaanza kushuka, kikashuka, kikashuka, mpaka Fisi akaona uso wa mtu upande wa pili wa sinia.

"Mama," akanong'ona, machozi yakimlenga, "unaweza kuja na wenzako?"

Mashavu akaacha kutafuna. Akatazama sinia tupu. Akatazama chungu kilicho motoni. Akatazama ghala la mji, pale mtaani. Kisha akacheka, kicheko ambacho Majilio haikuwa imekisikia tangu mwezi wa Tembo.

Lakini kucheka ni rahisi, kuwashawishi watu ni kazi. Alipowakusanya uani kwake kesho yake alfajiri na kuwaeleza, waliruka kama amewaambia watembee uchi.

"Tukae kwenye sinia la mgeni?" akasema Bi Tunu, jirani yake. Huyu Bi Tunu alikuwa bingwa wa adabu wa mji mzima. Alikuwa anawaomba radhi hata mbuzi akiwapita njiani. "Mwenzangu, watatuonaje?"

"Nani atakuona? Mji wote utakuwa umekaa na wewe!"

"Na Jumbe?"

"Mgeni akikaribisha, mwenyeji anamfukuza nani? Aliyealikwa na mgeni naye ni mgeni."

"Haya, tukale," Bi Tunu akasema, na sasa sauti yake ikawa ndogo. "Tumalize ghala zima. Na Chura akawa ameshakauka? Wajukuu zako utawapa nini, Mashavu?"

Kila kichwa kikamgeukia Mashavu. Maana hilo lilikuwa swali la kweli, halikuwa na mzaha ndani yake. Mashavu akainua macho kwenye kibuyu chake. Aliweza kuwaona wajukuu wake chini yake, vichwa vimeinuliwa. Sauti yake ya watu watatu ikatoka ya mtu mmoja.

"Sijui, Tunu. Ghala litakwisha hata tukikaa kimya. Litakwisha kibaba kwa kibaba, sifa kwa sifa, na siku likiisha Chura atakuwa jani kavu. Mimi nataka liishe leo, akiwa bado anaimba."

Wakasikiliza. Nje ya lango, kwa mbali, kama mtu anayekwangua sufuria kwa ukucha:

*Hodi, hodi, wenye mji...*

Mstari wa pili haukuja.

"Twendeni," Bi Tunu akasema. "Lakini kwanza nitanawa uso."

Basi asubuhi ile, ndugu zangu, Majilio iliona maonyesho! Kwa kuwa mgeni humkaribisha anayepita, ilibidi watu wapite. Wakapita! Mmoja alipita anatafuta mbuzi, na mbuzi amemshika mkononi. Mwingine alipita amebeba mlango wa nyumba yake, ati anaupeleka kutembea. Mzee aliyekuwa hajainuka kitandani tangu Fisi aingie alipita akikimbia.

"Karibu chakula!" Fisi akamwambia wa kwanza.

"Nimekaribia!"

"Karibu chakula!"

"Nimekaribia!"

"Karibu chakula!"

Huyu wa tatu alikuwa Bi Tunu. Akafungua kinywa. Jasho likamtoka. Adabu ya ukoo mzima ikamvuta nyuma. "Ahsante," akaanza, "nimeshi... nimeshi..."

Mashavu akamkanyaga kidole cha mguu.

"...NIMEKARIBIA!" Bi Tunu akapiga kelele, akakaa, na aliyemwona akila siku hiyo anasema alihamisha upande mzima wa sinia peke yake, kwa adabu, kwa vidole vitatu.

Jumbe Fumbwe akatoka barazani mbio. Alikuwa amengoja sifa tangu jua lichomoze, hakuna aliyekuja. "Nini hiki? Nani amewapa ruhusa?"

"Mgeni ametukaribisha," Mashavu akajibu, shavu moja limejaa. "Tungemwaibisha Jumbe wetu kwa kumkatalia mgeni wake? Karibu nawe."

Jumbe akapiga hesabu. Kumfukuza aliyekaribishwa na mgeni? Angekuwa amezika jina lake mwenyewe. Lakini hakuwa mjinga yule. Akajisemea, matumbo yana mwisho, ghala langu halina. "Songoro! Teleka!"

Songoro akateleka. Watu wakala. "Teleka!" Akateleka. Wakala. "Teleka!" Songoro akakimbia ghalani na kikapu, akarudi na kikapu, akakimbia, akarudi, akakimbia, akachelewa. Kutoka ghalani ikasikika *kwaru, kwaru, kwaru*, sauti ya kikapu kinachokwangua sakafu. Akarudi na kikapu kitupu na kuku mmoja aliyenuna, aliyekuwa ameingia humo kutafuta punje akakosa.

"Limekwisha, Jumbe."

Sinia la mwisho likawa jeupe. Fisi akainuka taratibu, akashika kiuno, akapanguza mdomo.

"Mwenyeji, naomba..."

"Chakula kiko motoni!"

Watu wakageuka. Jumbe Fumbwe alikuwa amechuchumaa mafigani, kofia imeenda upande, anapuliza moto. Juu ya moto, chungu. Ndani ya chungu, maji ya mwisho ya mtungi wake. Na ndani ya maji, *kolokolo, kolokolo*, alikuwa amemimina kokoto za uani.

Fisi akatazama chungu. Akatazama lango la magharibi. Magoti yake yakaanza kukunjika, polepole, kama ya mtu anayeitwa na shangazi. Akakaa.

Wengine wakaanza kulia. Ghala tupu, kigoda kimekaliwa, na nje ya lango la mashariki hakuna wimbo. Kimya. Bi Tunu hakusema "nilikwambia", lakini alimtazama Mashavu, na macho yake yalisema. Mashavu alihisi tonge la mwisho likigeuka jiwe tumboni mwake.

Jiwe.

Akainuka. Akasogea mafigani, akainama, akanusa mvuke kwa heshima zote. "Jumbe, mbona umetupikia mazuri mwishoni? Ni nini?"

"Ni chakula cha kienyeji," Jumbe akasema. "Hakiivi haraka."

"Naona. Basi, Bwana Fisi, una wasiwasi wowote na chakula hiki?"

Fisi akainua sikio moja. "Wasiwasi ninao, mama. Tena mkubwa."

"Mgeni ana wasiwasi!" Mashavu akatangaza kwa sauti ya watu watatu, na sasa zote tatu zilitoka pamoja. "Na mgeni akiwa na wasiwasi, watu wa Majilio, nani huonja kwanza?"

"MWENYEJI!" mji ukajibu.

Songoro, mpishi yule wa macho mekundu, akachota mwiko mmoja kamili na kumpa Jumbe. Sijui kama alitabasamu. Moshi ulikuwa mwingi.

Jumbe Fumbwe akatazama mwiko. Kokoto zilimtazama. Akikataa, amekiri kuwa chunguni hamna chakula, na kama si chakula, hakuna kitu motoni. Mtu mwingine angekiri. Lakini mtu aliyesifiwa kiasi kile hakiri kitu. Akafumba macho, akatia mwiko kinywani.

*Kacha!*

"Kimeiva?" Mashavu akauliza.

*Kacha. Kacha.* Machozi yakamtoka Jumbe. Mashavu yake, yeye ndiye aliyekuwa nayo siku hizo, yakavimba huku na huku. Mji mzima ukamtazama. Akatikisa kichwa: ndiyo.

"Kimeiva!" Mashavu akapaza sauti. "Songoro, chakula kikiiva hufanywaje?"

"Huipuliwa!" Songoro akasema, akaipua chungu, akakitua chini, *tu!* Na kabla mvuke haujatawanyika, mafiga yakiwa matupu kwa mara ya kwanza tangu Fisi aingie Majilio, Fisi aliruka kutoka kwenye kigoda kama ameketi juu ya siafu.

"MWENYEJI, NAOMBA RUHUSA!"

Jumbe Fumbwe alinyoosha mkono. Alikuwa na neno, tunajua alikuwa na neno. Lakini kinywani mlikuwa na kokoto, na neno halikupata pa kupitia.

"RUHUSA!" mji ukanguruma. "AHSANTE KWA KUJA!"

Kumsindikiza mgeni ni mwendo wa polepole, wa ngoma na vigelegele, mnajua. Siku ile ilikuwa mbio. Fisi mbele, tumbo likipiga huku na huku, mji mzima nyuma yake ukipiga vigelegele bila pumzi. Alipovuka lango la magharibi akageuka mara moja, akacheka. Akacheka kile kicheko chake, kirefu, kibaya, kitamu, na mgongo wake ukapotea nyuma ya kilima.

Wakageuka, wakakimbia tena. Mashariki!

Kigoda kitupu. Lango wazi. Na nje ya lango, juu ya furushi, kitu kidogo cha rangi ya majani makavu.

Mashavu akapiga magoti. "Chura. Bwana Chura. Kigoda kiko wazi. Piga hodi."

Kinywa cha Chura kilifunguka, hakikutoa kitu. Ulimi wake ulikuwa umegandana. Na mji mzima ulisimama pale na karibu mdomoni, karibu kubwa kama nyumba, na haukuweza kuisema, kwa sababu bila hodi hakuna karibu.

"Maji!" Mashavu akapiga kelele. "Nani ana maji?"

Hakuna aliyekuwa na maji. Ya mwisho yalikuwa yamebaki chunguni kwa Jumbe, yanachemka.

"Nipisheni, samahani, nipisheni jamani," ikasikika sauti nyuma. Bi Tunu alikuwa anapenya umati, wa mwisho kufika, amebeba bakuli kwa mikono miwili. "Nyie mmekimbia na mikono ina ugali. Mtu anakula, asinawe? Nimezunguka na maji ya kunawa, hakuna hata mmoja..."

Mashavu akamnyang'anya bakuli, akambusu shavuni, akammwagia Chura kichwani.

Chura akakohoa. Akapepesa jicho moja. Akapepesa la pili. Koo lake likajaa, likajaa, likajaa kama mfuko.

"Ho," akasema.

Watu wakainama.

"Ho... di."

Jamani! "KARIBU!" ilitoka Majilio siku ile, "KARIBU!" ya wazee, "KARIBU!" ya watoto, "KARIBU!" ya Bi Tunu aliyesahau adabu zake zote, mpaka mabati ya mbinguni yakatikisika. Chura aliruka mara moja, akatua kwenye kigoda. Akafungua furushi. Na mvua ikaingia mjini kama mwana aliyerudi kutoka safari, ikimkumbatia kila mtu bila kuchagua.

Mashavu hakungoja ipungue. Alipita nyumbani, akatungua kibuyu, akaenda shambani na wajukuu nyuma yake, wakapanda katika matope mpaka magotini, yeye akiimba, mvua ikimjaa kinywani. Jumbe Fumbwe alionekana siku tatu baadaye katika shamba la mji, na jembe, bila meno mawili. Hakuna aliyemsifu. Alipomaliza tuta la kwanza, Mashavu alimwambia tu, "Limenyooka." Wanasema alisimama wima zaidi kwa neno hilo moja kuliko kwa zile sifa tatu tatu za barazani.

Na watu wa Majilio wakaongeza siku katika mwaka wao. Kati ya kuondoka kwa Fisi na kuingia kwa Chura wakaweka siku moja isiyo ya mnyama yeyote, kigoda kikiwa kitupu, na wakaiita Siku ya Nimekaribia. Siku hiyo kusema nimeshiba ni mwiko. Chungu cha kwanza hutelekwa na Jumbe kwa mkono wake. Masinia hutandazwa kutoka lango la magharibi mpaka la mashariki, na Mashavu, mashavu yamemrudia yote mawili, husimama katikati ya njia na kupaza sauti ya watu watatu:

"Karibuni tule!"

Na mji mzima, hata Bi Tunu, bila kukanyagwa, hujibu kwa kinywa kimoja:

"Tumekaribia!"

Hadithi yangu imefika ilipokuwa ikienda. Ikiwa tamu, gawaneni. Ikiwa na kokoto, nirudishieni mimi.